Mbao ya Nne

Kilufya alikuja na karatasi kifuani
imeviringishwa ndani ya gazeti la juzi,
akasema, Fundi, nipimie hii.
Niliikunjua juu ya meza ya kazi,
nikapuliza maranda pembeni,
nikaangalia.

Mistari. Mistari ya makala,
haya haya tunayopikia bukari hapa Katuba.
Mmoja mnene kama mshipa shingoni mwa mbeba magunia,
mingine kumi na saba (nilihesabu, kazi yangu ni kuhesabu)
myembamba, inashuka kuelekea kushoto
halafu inakataa kufika.
Chini kabisa, kijani cha jiwe la shaba lililosagwa,
kimepakwa kwa kidole. Alama ya kidole ipo.

Nikamwuliza juu ni wapi.
Akaigeuza. Akaigeuza tena.
Leo juu ni hapa, akasema.

Miaka ishirini na mbili alishuka shimoni kupima,
akapanda kuchora: tabaka juu ya tabaka, namba pembeni,
mwamba wenye mali rangi moja, mwamba mtupu rangi nyingine.
Siku kampuni ilipowapanga foleni kuwapa bahasha ya mwisho
alirudi nyumbani na rula, penseli nne,
na mkono usiojua kuchora mti.
Mti nimeuona toka chini, aliniambia.
Ninachokijua ni mizizi.

Kwa hiyo usilitafute kwake lile bomba refu la moshi
wanalolichora vijana kwa ajili ya wageni.
Mlima wa mabaki ya tanuri upo, ila ameulaza,
ameubana mpaka ukawa utepe wa upana wa ukucha,
na juu yake nyeupe tupu, nyeupe ya mwezi wa sita,
asubuhi ile baridi inayopasua midomo
wakati Lubumbashi yenyewe haijaamua
leo iwe na umbo gani.

Mama Ngosa, muuza samaki wakavu ng'ambo ya barabara,
alivuka kuja kuona, kikapu mkononi.
Akainamisha kichwa upande.
Mimi naona uchafu, akasema,
akarudi kwa wateja wake.
Haikupita muda akapaza sauti kutoka kule:
Fundi! Huo mstari unaokataa kufika,
si ndiyo njia ya kwetu, mto ulipobeba daraja?
Kilufya hakujibu. Alicheka mpaka akakohoa,
kikohozi kile cha wanaume wa shimoni
kinachoanzia magotini.

Nilikata vipande vinne vya mukula,
mbao nyekundu iliyosalia malori yalipokwisha kupita.
Pembe za fremu nimezikata tangu ujana,
sijawahi kuacha ufa wa kupitisha wembe.
Mbao tatu zilikaa. Ya nne, akanishika mkono.
Hiyo usiweke.
Kushoto pabaki wazi.

Nikadhani ni pesa. Nikasema nitampunguzia.
Si pesa, fundi. Moshi utapita wapi?

Fremu ya mbao tatu ni dhambi, muulize seremala yeyote.
Nililalamika siku mbili,
nikapigilia bati nyuma lishike pembe zisitanuke,
nikaandika jina langu kwenye bati, dogo,
kisha nikaona aibu nikalifuta kwa msasa.

Kwenye maonyesho, ukumbini mwa parokia,
waliitundika kichwa chini.
Kijani kikawa mbingu.
Mistari ikapanda kwenda kulia, ikipigana kutoka.
Nilitaka kumwita mlinzi alete ngazi.
Kilufya alikuwa amesimama mbele yake na soda ya moto,
suti ya kuazima, mikono imemzidi,
akiitazama kama mtu aliyepita mtaa wake usiku
akaukuta una taa.
Waache, akasema. Waache kwanza.

Haikununuliwa. Iko sebuleni kwake,
kila mwezi inaning'inia kivingine.

Mbao ya nne ninayo mimi.
Nimeisukumiza chini ya mlango wa karakana
usijifunge upepo ukivuma.